Bendera za Nadine

Kwa miaka kumi na moja Nadine Etcheberry ndiye aliyeshika darubini ya kupimia. Kila Julai, wiki kadhaa kabla wasanii hawajamiminika kwenye ziwa lile kavu la Nevada, alisimama kwenye kigingi cha katikati, akachungulia, akaonyesha kwa mkono bendera ndogo zichomekwe wapi. Barabara zote za mji wa mahema uliosimamishwa pale kwa wiki moja tu zilifuata jicho lake.

Mwaka uliopita barabara moja ilipinda. Duane, mkuu wa mafundi, alimwambia bila kuzunguka kwamba ikitokea tena atamnyang'anya darubini ampeleke kugawa maji.

Kwa hiyo mwaka huu, asubuhi moja alipoona bendera haziko alipoziacha, alizirudisha bila kumwambia Duane. Alimtazama tu fundi mwenzake, Royce. Royce alikuwa na miaka miwili pale, mpole kupita kiasi: mara amletee kahawa, mara amuulize hali ya goti. Mtu wa namna hiyo, Nadine alijiambia, ana lake.

Jioni mafundi walikuwa wakiosha miguu kwa siki, udongo wa magadi usije ukawapasua nyayo. Nadine alichota siki kidogo, akaenda kutia doa chini ya kila bendera. Kulipokucha madoa yalikuwa huku na bendera kule, vidole vinne kando. Akazirudisha tena.

Alfajiri iliyofuata alijilaza chini ya lori. Royce akaja na utepe wa kupimia, akang'oa bendera, akaichomeka pembeni. Nadine akatoka uvunguni.

"Nimekunasa. Unaitaka darubini yangu, siyo?"

"Kaa nayo, mama. Mwaka jana ulipopindisha barabara, nani aling'oa nguzo mia mbili za taa akazisimika upya? Duane? Ni mgongo huu." Akamrushia utepe. "Pima mwenyewe."

Nadine akapima kutoka barabara ya jirani. Royce alikuwa sawa. Lakini utepe ulikuwa wa Royce, basi akaenda kuchukua wake garini, akapima tena. Akafumba jicho la kushoto: bendera ikawa ukungu mwekundu.

Akaelekea jikoni haraka, Royce asije akamtangulia. Duane alikuwa anakula mayai. Akamwambia jicho lake la kulia limekwisha, darubini apewe Royce.

"Royce kakuambia hivyo?"

"Nimejipimia mwenyewe."

Siku ile Royce alichungulia, Nadine akachomeka. Hakuondoka kwenye bendera hata moja kabla ya kuipima kwa utepe wake.