Dungu la Bi Kelele

Bi Kelele hakupewa jina hilo bure. Msimu wote wa mtama alishinda juu ya dungu, kile kichanja cha miti katikati ya shamba, akiwinga ndege kwa koo lake tu. Mwaka huu koo lilikuwa limeanza kumsaliti, na mwanawe alishasema: "Mama, mtama ukiliwa tena, nakuja kukuchukua. Utakaa na mkweo mjini, utazame televisheni." Bi Kelele aliisikia hiyo televisheni kama hukumu ya kifungo.

Ndipo wakahamia jirani wale watu waliochoshwa na mji: hawavai viatu, hawachani nywele, na wanakumbatia miti mpaka unaona haya kupita. Asubuhi moja walimsikia akiwakaripia ndege: "Nani kawaita? Hapa si kwenu! Rudini mlikotoka!"

Walikuja shambani machozi yakiwatiririka. "Bibi," alisema kiongozi wao, mwenye ndevu za kufagilia uwanja, "swali hilo tumelitafuta miaka mingi. Nani katuita!"

"Nawaambia ndege, baba."

"Sote ni ndege, Bibi."

Bi Kelele si mjinga. Aliwapanga pembezoni mwa shamba, akawafundisha kuvuta pumzi na kutoa ukali, na kutwa wakapaza sauti: "Rudini mlikotoka!" Ndege hawakuona pa kutua. Yeye akanywa chai yake kwa raha zake, hata akaanza kuwapenda, mwehu kwa wehu wenziwe.

Kasoro ilikuwa moja tu: walikuwa wakiyasikiliza wanayoyasema. Mtama ukiwa unakaribia kukomaa, kiongozi alipanda dunguni na begi mgongoni. "Bibi, tumekuelewa. Tunakwenda kwetu." Akambusu mkono, akashuka, na kundi zima likamfuata barabarani, wengine wameshavaa viatu.

Bi Kelele aliteremka dunguni mbio. Kisha akawakimbilia, akakusanya sauti yote aliyokuwa nayo. "Rudini! Jamani, rudini!"

Wakageuka, wakampungia mikono kwa furaha. "Tunarudi, Bibi! Tunarudi!" Wakakata kona.

Sauti ikamkauka palepale. Alikaa chini katikati ya njia, akalia kimyakimya, huku ndege wakishuka shambani kwa makundi.

Mwanawe alipofika na gari la kukodi, alimkuta juu ya dungu anagonga debe, chini yake mabua matupu.

"Shuka, Mama. Unafukuza nini tena?"

Bi Kelele alimtazama, akamnyooshea fimbo ya debe, akamwonyesha barabara aliyojia.