Kikohozi cha Mwenye Nyumba

Baba yangu hakuwahi kuingia nyumbani kwake bila kukohoa. Akifika mlangoni, kabla hajavuka kizingiti, anakohoa mara mbili, fupi fupi, ananyamaza kidogo, kisha anasema, "Hodi." Nyumba kaijenga mwenyewe, mlango kauchonga mwenyewe, na hodi anapiga yeye. Ndani, mama na shangazi na sisi mabinti tukisikia kikohozi kile tunajifunga kanga sawasawa. Aliyelala anakaa, na aliyekuwa anamsengenya jirani anageuza maneno. Ndivyo alivyotuheshimu, na mimi nilidhani kila baba duniani anakohoa hivyo.

Nilipoongoza filamu yangu ya kwanza, kikohozi hicho nikakitia ndani. Ilikuwa filamu ya vichekesho, tuliyoipiga Kilwa Masoko kwa kamera ya kuazima, juu ya mzee mbishi anayepiga hodi nyumbani kwake mwenyewe. Mzee nilimpata sokoni, fundi cherehani mmoja mwenye uso wa kuchekesha hata akiwa anasali. Filamu ilipokamilika niliipeleka kwetu Kipatimu, ikaonyeshwa kwenye banda la video. Baba aliwekewa kiti cha plastiki mbele kabisa, kama mgeni rasmi.

Yule fundi alipokohoa tu, banda zima liligeuka kumtazama baba. Watu walicheka mpaka wakapigana makofi mgongoni. Baba akasimama, akachukua kofia yake, akasema, "Naenda kufunga mbuzi," akatoka. Mbuzi wenyewe tulikuwa tumeshawauza zamani.

Kesho yake aliniambia neno moja tu: "Kazi mbaya si mchezo mwema, mwanangu." Lakini tangu siku ile nilitaka jambo moja: baba akae aangalie filamu yangu, hata moja, mpaka mwisho.

Basi nikafanya kazi. Niliongoza tamthilia Dar es Salaam, za wakwe na wivu. Nilipotoka huko nikapiga filamu ya makala ya akina mama wanaovua pweza kwa miguu maji ya bahari yakipwa, nikawa natembea nyuma yao kwenye miamba huku kamera nimeibeba kichwani. Nilipiga makala ya wakulima wa korosho. Katikati ya hayo, kodi ya nyumba niliyopanga Rasbura ilipokaribia, nilipiga harusi, na sioni aibu kusema hivyo. Bibi harusi anayelia huku anaangalia kama kamera inawaka ni shule tosha. Mtayarishaji mmoja wa Dar, mwenye miwani ya jua hata ndani ya ofisi, aliniambia nichague moja, maana mshika mbili moja humponyoka. Nikamjibu kwamba mimi nimeshika tano na zote zimo mkononi, nikaondoka na nauli yangu. Nina hasira za karibu, sikatai.

Kila filamu niliipeleka Kipatimu. Kila mara baba alikaa mbele, na kila mara ilipofika katikati alisimama. Mara anawahi swala, mara anahisi mvua inakuja na ufuta uko nje. Ya korosho alitoka akisema ameshaielewa. Nikimaliza namkuta nyumbani anamenya chungwa, ananiuliza habari za barabara. Iliniuma, na kadiri watu wengine walivyonisifu ndivyo ilivyozidi kuniuma.

Mwalimu wangu wa kwanza wa kazi hii hakuwa mtu wa chuo. Alikuwa mtani wa ukoo wetu, mama mmoja mnene anayeuza maandazi nyuma ya banda lile la video. Kwetu mtani ndiye mwenye ruhusa msibani. Wakati wafiwa wanalia, yeye anavaa nguo za marehemu, anatembea kama yeye, anamsema ubahili wake na ulafi wake, na hakuna wa kumkasirikia. Nikiwa mtoto nilimfuata msiba hadi msiba kumwangalia. Ukimtazama vizuri, haanzi na sauti. Anaanza na mikono, na yale mtu anayoyafanya akiwa hajui kuwa anatazamwa. Mpaka leo nawaambia waigizaji wangu hivyo hivyo, ila siwaambii nimeyatoa wapi.

Habari ya kifo cha baba ilinikuta Rasbura nikihariri harusi ya watu. Nilipanda basi mpaka Njia Nne, kisha bodaboda mpaka kwetu milimani, mkoba wa kamera mgongoni kwa sababu sikukumbuka kuuacha. Nilipofika, wanaume walikuwa wanarudi kutoka makaburini. Niliingia sebuleni, nikamshika mama miguu, nikakaa kwenye mkeka pamoja na wanawake. Nililia, na sitadanganya, sikumlilia baba peke yake. Nilililia pia lile jambo langu moja, kwamba sasa halitakuwa tena.

Mtani akaingia. Alikuwa amevaa koti la kaki la baba na kofia yake, na mikono ameifunga nyuma, kidole gumba kikisugua kiganja. Nilikuwa nimesahau kabisa kuwa baba alikuwa anasugua kiganja. Wanawake wakaanza kuguna. Mtani akazunguka akikagua mikeka, akauliza nani kamenya machungwa na kutupa maganda ovyo, akamwambia shangazi apunguze kulia kwa sababu marehemu alikuwa hapendi kelele wala hapendi kutoa. Watu wakacheka huku wanajifuta machozi.

Kisha akavuta kiti, akakielekeza ukutani, akakaa. Akatazama ukuta kama mtu anayetazama picha. Nikajua anakokwenda.

"Naenda kufunga mbuzi!" akasema, akasimama, akatoka.

Wote walicheka isipokuwa mimi. Niliinamisha kichwa. Niliona ametonesha kidonda mbele za watu, hata kama ni haki yake.

Lakini alikuwa hajamaliza. Niliposikia kicheko kimeongezeka nikainua macho, nikamwona dirishani, kwa nje. Ameshika nondo za dirisha kwa mkono mmoja, na kwa mwingine amejiziba mdomo kwa kofia. Mabega yanatikisika.

"Marehemu huyu, jamani!" akasema alipoitoa kofia. "Kila filamu ya binti yake, anatoka mlangoni kwa heshima zote, halafu anakuja nyuma kwenye maandazi yangu, anaangalia dirishani. Anacheka mpaka ananimwagia chai! Mwenye banda akitaka kuzima, anagonga: 'Acha! Jina la mwanangu halijapita!'"

Nilisimama. "Mtani, shikamoo. Usinitanie kwa hilo."

"Marahaba. Utani nimeuweka chini, mtani wangu. Hili nakwambia kweli."

"Zote aliziangalia?"

"Zote, mpaka majina. Ya pweza alilia, akasema ni moshi wa jiko langu."

"Sasa kwa nini asikae ndani?"

"Baba mzima, akenue meno mbele ya binti yake?" Alinitazama kama niliyeuliza kwa nini maji yana unyevu. "Ila alikuwa na lalamiko. Yule fundi cherehani wako alikohoa kama aliyekwamwa na mwiba wa samaki changu. Baba yako hakulisamehe. Kila akipita kwangu ananiambia, si vile, ni hivi. Kanikoholea mpaka nimechoka."

Akaondoka dirishani. Nikakaa tena chini. Sebule ilikuwa imelegea baada ya kicheko. Shangazi alikuwa amejilaza, wengine wamenyoosha miguu, kanga zimewateleza. Mkoba wa kamera ulikuwa ubavuni kwangu na sikuufungua.

Mlangoni, kwa nje, mtu akakohoa mara mbili, fupi fupi. Halafu kimya.

Shangazi akakaa. Miguu yote ikakunjwa. Mama akavuta mtandio wake ukamkaa vizuri kichwani. Mikono yangu ilikuwa imeshajifunga kanga kabla sijajua.

"Hodi," ikasema sauti.

Wanawake wote wakanitazama mimi.

"Karibu, baba," nikasema.