Mtori Uliokataliwa

Chumbani tulikuwa watano: mdogo wangu wa mwisho aliyekuwa ametoka kujifungua, mtoto wake, mama mkwe wake, mdogo wetu wa kiume ambaye ni muuguzi, na mimi. Hapo ni Maji ya Chai, nyumbani kwa wakwe.

Kwetu mzazi hulishwa mtori, supu nzito ya ndizi na nyama, na mama yake, ili maziwa yashuke. Mama yetu alikufa mapema, nami niliacha shule ili niwalee wadogo zangu, kwa hiyo mtori ulikuwa wangu kuupika. Nilitoka nao nyumbani kwangu Kijenge asubuhi, ukiwa bado moto. Maziwa yalikuwa hayajashuka vizuri na mtoto alilia. Nilipofunua sufuria, mdogo wangu aligeukia ukutani, akaziba pua.

Mama mkwe alileta bakuli la loshoro, mahindi laini ndani ya maziwa mgando. Mdogo wangu alilimaliza, akaomba tena. Nilitazama kile kijiko kikipanda na kushuka, nikamchukia mama wa watu ambaye hakunikosea kitu.

Muuguzi wetu alimuuliza mara ya mwisho alikula mtori lini. Akasema ni mimba ikiwa changa, alipokuja kwangu, akatapika mpaka kukucha. Nilikumbuka; ndoo niliishika mimi.

“Basi ndiyo hiyo, dada,” muuguzi akaniambia. “Kichefuchefu kililetwa na mimba, lakini ubongo umekibandika kwenye mtori. Akisikia harufu yake tu, tumbo linafunga mlango. Hachagui yeye.”

“Na mama mkwe naye, ubongo umembandika wapi?” nikamuuliza.

Muuguzi alicheka peke yake. Mdogo wangu alinishika mkono, akasema angekuwa na uwezo angekula hata kwa kunifurahisha. Maneno hayo yaliniuma zaidi. Nilitaka aniambie kwamba ananionea, nipate wa kumlaumu. Mwili wake haukuwa na ubaya na mtu. Wivu wangu ndio uliobaki umesimama pale, bila mshtakiwa.

Mama mkwe aliniona. Alijipakulia mtori wangu, akala palepale.

“Umeiva vizuri, mwanangu. Njoo nikuonyeshe ninavyoponda mahindi. Mzazi ni wetu sote.”

Sikwenda jikoni siku hiyo. Nilisema nawahi gari. Kabla sijatoka mtoto alinyonya, na safari hii alimeza kwa sauti, sote tukamsikia.

Kwetu, mwanamke akimlisha mzazi mahali pa mama yake, ukoo wa mzazi humpelekea kondoo, na mkubwa wa ukoo ndiye humshika kamba hadi mlangoni kwake. Mkubwa wetu ni mimi, na kondoo ninaye, amenenepa. Muuguzi ameshaniuliza mara nyingi tutampeleka lini kwa mama mkwe. Namjibu mvua ikikatika. Mvua imekatika, mtoto ameanza kukaa, na kondoo bado yuko kwangu.