Mpaka Tulioupanda

Kila ninapochemsha majani ya mkaratusi kwa ajili ya kifua cha mjukuu wangu, mvuke ule unanirudisha kwenye mlima wetu kule Masisi, nikiwa msichana mdogo mwenye matope hadi magotini. Wazungu walitaka msitu uwekewe mpaka, na kila familia ilipewa miche ya mkaratusi ya kupanda. Yetu ilipaswa kupita upande wa juu wa shamba letu la maharage. Nililia kwamba miguu inauma. Papa, baba yangu, akacheka, akachimba mashimo upande wa chini wa shamba ili nisiendelee kupanda mlima.

"Muti ni muti tu," alisema.

Miti ilipofika kiunoni mwangu, mlinzi wa msitu, jirani aliyezoea kula kwetu, alikuja na askari.

"Kutoka hii miti kwenda juu, yote njo musitu. Mungoe maharagi yote."

"Lakini hii iko shamba yangu, kaka!"

"Mupaka ni wewe njo ulipanda, kaka."

Tuliyang'oa yakiwa na maua. Papa hakunipiga wala kunigombeza. Njiani tu, mbele ya watu, aliniuliza: "Miguu imepumuzika sasa?"

Akawa akiniuliza hivyo kila tulipokaa kula, hata siku ambazo hapakuwa na chakula.