Siku Walipokuja Kukata Mikangazi

Msitu wa ukoo wetu ulikuwa mdogo. Mtu mwenye miguu mizima aliweza kuuzunguka wote kabla uji wa asubuhi haujapoa. Ulikaa mgongoni mwa kilima, juu ya mashamba yetu ya maharage na migomba, na ndani yake walizikwa wazee wa upande wa mama. Hakuna aliyekata mti humo wala kutega ndege. Kuni tulizifuata mbali bondeni, na mimi nikiwa msichana nililalamika kila siku.

Aliyeutunza alikuwa bibi yangu, mama yake mama. Alifagia makaburi, na watoto walioingia na ulimbo wa kunasia ndege aliwatoa mbio.

Mwaka niliotoka uwalini, baada ya kufungiwa ndani na kufundwa, Wadachi walikuwa wakijenga reli huko chini Morogoro, wakataka mbao. Akida, mtu wa pwani waliyemweka kututawala, alimwita mjomba wangu aliyekuwa mkubwa wa ukoo. Akamwambia mikangazi yetu yote itakatwa, na watakaoikata ni wanaume wetu wenyewe. Mjomba alirudi ameishiwa nguvu.

"Nimekubali," alimwambia bibi. "Waliokataa huko Mikese nimewaona walivyofanywa."

Bibi alikuwa akipukuchua mahindi. Hakuinua kichwa.

"Umekubali kwa mdomo wako. Msitu ni wa tumbo lililokuzaa, na hilo tumbo hujaliuliza."

Kesho yake alfajiri tulipanda wanawake tisa, kila mmoja akachagua mti wake. Mimi nilikaa chini ya mkangazi mnene kuliko yote. Juu yake, kwenye tundu la shina, hondohondo jike alikuwa amejifungia ndani kwa udongo, akabakiza ufa mwembamba wa kupokelea chakula. Dume alikuja na matunda mdomoni, mabawa yakivuma kama upepo wa mvua. Nilikuwa na woga mwingi. Nilijisemea kwamba jike huyu hawezi kutoka hata akitaka, basi na mimi sitoki.

Jua lilipopanda, akida akafika na askari wawili. Nyuma yao walikuja wanaume wetu na mashoka, mjomba mbele, wote wakitazama chini.

"Shikamoo, bibi," akida alisema. Adabu alikuwa nayo. "Waondoe watoto wako."

"Marahaba. Hawaondoki."

"Hii ni amri ya serikali."

"Serikali imezikwa wapi humu? Nionyeshe kaburi lake, nami nitaondoka sasa hivi."

Mwanamume mmoja alicheka, akajiziba mdomo. Akida akapandwa na hasira, akamwashiria askari. Kiboko kiliniangukia mimi, labda kwa sababu nilikuwa karibu. Niliukumbatia mti. Cha kwanza kilinitoa pumzi, cha pili kilipasua kaniki yangu. Kabla ya cha tatu nilisikia kitu kizito kikianguka kwenye majani makavu. Lilikuwa shoka la mjomba.

"Sikati," alisema. Akarudia. "Mimi sikati. Nipigeni mimi."

Mashoka mengine yakaanguka, moja baada ya jingine.

Walitufunga kamba, mjomba na mimi, wakatuteremsha hadi bomani Morogoro. Bibi walimwacha kwa uzee wake, jambo lililomuudhi kuliko yote. Mjomba alichapwa viboko hamsa ishirini, akalala kifudifudi siku nyingi. Mimi nilichota maji ya boma kwa mwezi mzima. Mpishi wa pale aliniambia niombe msamaha nirudi kwetu mapema. Nilimuuliza kosa langu ni lipi, akaondoka na sufuria yake.

Kelele za siku ile zilimfikia Mdachi mmoja aliyesimamia misitu. Alipanda mwenyewe kuangalia, na darubini na daftari, akashinda siku tatu akihesabu miti na kuandika ndege. Kisha akatoa amri: msitu huo usikatwe kabisa. Niliporudi nilikuta kijiji kizima kinacheza ngoma.

Ngoma haikumaliza wiki. Walikuja kusimika nguzo za mawe kuuzunguka msitu, na akida akatukusanya atusomee tangazo. Atakayeonekana ndani atafungwa.

"Hata sisi?" bibi aliuliza.

"Hasa ninyi."

Bibi alicheka mpaka akakaa chini. Asubuhi alichukua ufagio, nikachukua wangu, tukaipita nguzo mchana kweupe. Walikuwa wameweka mlinzi, mtu wa kijiji cha pili.

"Mama zangu, hapa sasa hapaingiwi," alisema kwa unyonge.

"Wewe linda wanaokata," bibi alimjibu. "Sisi tunafagia."

Siku hiyo alitupisha. Baadaye alitishwa, akaanza kutushtaki. Nilifungwa mara mbili kwa kuingia katika msitu ambao nilipigwa ili usikatwe. Leo nasikia watu waliosoma wakisema Wadachi ndio waliouokoa. Waseme. Mimi nilikuwepo.

Nilipomaliza kifungo cha pili, sikupita nyumbani kwanza. Nilipanda moja kwa moja na kifurushi changu kichwani, mlinzi akaniona, akaniita kwa sauti, akaniita tena. Sikugeuka. Nilivuka nguzo, nikavunja tawi la majani, nikaanza kufagia.