Mikono ni Yangu, Jina ni la Mzee

Admin, usiweke jina langu. Na hayo majina mengine nimeyabadilisha, maana Gitega si kubwa kiasi hicho, na huyu mtu akijulikana nitakuwa nimemmaliza.

Mimi ni mwanamke wa miaka ishirini na tisa, sijaolewa. Nilizaliwa kambini Tanzania, wazazi wangu wakiwa wakimbizi. Tuliporudi Burundi tulifikia Butihinda, Muyinga, kwenye shamba la babu. Nilirudi nikiwa mkubwa, najua Kiswahili, Kirundi cha kubabaisha, Kifaransa ndiyo kabisa sijui. Kila nilipoomba kazi watu walisema "huyu Mtanzania" halafu wanacheka. Baba alipofariki nikaja Gitega kutafuta maisha, mama akabaki peke yake na mihogo yake.

Aliyenipokea ni mzee mmoja wa mtaa wa Nyamugari, nimwite Mzee Ramadhani. Anatengeneza cherehani zilizoharibika, na mafundi nguo wote wa mji wanamjua. Nilianza kwa kumfagilia na kumchemshia chai. Siku moja akanikuta nimefungua cherehani mbovu bila ruhusa, nimeipaka mafuta na inazunguka. Nilijua nafukuzwa. Akaniangalia tu, akasema, "We mtoto, uko na mkono. Ikaa hapa." Kuanzia hapo alinifundisha kila kitu bila kunificha, mimi Mkristo nisiye na ndugu mjini, yeye Mwislamu mwenye watoto wake watano. Hilo silisahau, na ndiyo maana jambo hili linaniuma.

Miaka mitatu iliyopita mikono yake ilianza kutetemeka. Mwanzoni skrubu zilikuwa zinamdondoka, baadaye hata kushika bisibisi ikawa shida. Dawa za hospitali hazikusaidia. Akafunga pazia katikati ya kibanda. Mteja akifika, Mzee anapokea cherehani, anaizungusha kidogo, anaisikiliza, anataja ubovu wake (na hakosei!), anamwambia arudi jioni. Mimi niko nyuma ya pazia natengeneza. Mteja akirudi anamsifu: "Mzee, bado hujazeeka!" Yeye anacheka, mikono ameificha kwenye kanzu. Na mimi nimekaa chini, nimebana pumzi kama mwizi. Ananilipa vizuri, sidai kitu. Ila jamani, miaka mitatu!

Mwezi uliopita mama alianguka shambani akaumia nyonga, sasa anatembea kwa fimbo. Nikaenda kumuuguza. Wakati wa kurudi nikapita Muyinga mjini, nikasikia kuna kituo cha kufundisha ushonaji kinatafuta mtu wa kutunza cherehani zao na kufundisha wanafunzi kuzitengeneza. Nikaingia hivyo hivyo na vumbi la safari. Mkurugenzi akanipa cherehani moja iliyowashinda, nikaitengeneza mbele yake. Akasema, "Bon, kazi nimeona. Lakini mi siwezi kuandika mtu bila attestation. Leta karatasi ya mwenye alikufundisha, iseme umefanya kwake miaka ngapi." Akanipa mpaka mwisho wa mwezi huu. Ningekuwa karibu na mama, na ningefanya kazi watu wakiniona.

Nikamweleza Mzee. Akaniuliza:

"Nikiandika hiyo karatasi, nitasema nini? Kama hizi miaka zote iko wewe ulikuwa unatengeneza?"

"Andika tu kwamba ulinifundisha, Mzee."

"Na ukienda? Watu bakileta mashine, nitashika na nini? Niache nikufe na jina yangu. Kisha utafanya unachotaka."

Nikarudi nyuma ya pazia kuendelea na kazi.

Wiki iliyopita wakaja akina mama wanne kutoka Gishubi na cherehani ya ushirika wao. Walisema wametoka mbali, hawawezi kurudi jioni, watasubiri hapo hapo. Wakakaa kwenye benchi wakimtazama. Ikabidi Mzee aanze mwenyewe. Nikiwa nyuma ya pazia nilisikia bisibisi inagonga chuma, ta-ta-ta. Skrubu ikaanguka, akaiokota, ikaanguka tena. Mama mmoja akauliza, "Papa, uko mugonjwa?" Nikashindwa. Nikatoka, nikapiga magoti pembeni yake, nikamwambia taratibu, "Mzee, niachie." Haikuchukua muda ikashona. Wale mama wakapiga makofi, wakaniuliza jina. Mzee akainuka, akatoka bila kuvaa viatu.

Tangu siku hiyo haongei na mimi. Salamu naitoa, anageuza uso. Na mbaya zaidi, juzi walikuja watu wawili wakimuuliza yeye mwenyewe, "Yule dada fundi yuko?"

Jumamosi mkewe, Mama Zuhura, alinifuata chumbani kwangu. Akaanza kwa ukali: "Umemvua nguo mbele ya watu. Mtu mwenye alikutoa kwenye njaa!"

Nikamwambia, "Mama, na mimi? Miaka mitatu hakuna anayejua kama nipo."

Akalia, nikalia. Kisha akafungua fundo la kitenge chake akatoa muhuri wa Mzee, ule anaopiga kwenye risiti. Akasema, "Yeye hataandika, mi namujua. Andika wewe, piga muhuri, uende kwa mama yako. Mi sitasema."

Muhuri huo uko mezani, nauangalia huku naandika. Kila neno nitakaloandika kwenye hiyo karatasi litakuwa kweli: alinifundisha, nimefanya kazi kwake, naijua kazi. Lakini sahihi itakuwa ya uongo, na ni jina lile lile analolilinda kwa nguvu zote. Nikienda bila karatasi sipati kazi. Nikikaa, nasubiri mtu anayenipenda afe ndipo nianze kuishi, na mama anakokota mguu peke yake Butihinda. Nimechoka, nakasirika, halafu naona aibu kwa kukasirika.

Zimebaki siku nne. Mngekuwa ninyi mngefanyaje? Niambieni ukweli hata kama ni mchungu, mimi nitaupokea. Ila nawaomba sana, kwenye comments msimtukane Mzee wangu.