Kitabu Kisicho na Namba

Ukitaka kuwa mpweke Bukoba huna haja ya kugombana na mtu. Soma tu nadharia ya kategoria. Mimi nafundisha hesabu sekondari, nimepanga chumba Kashai, na katika maisha yangu yote ya ualimu sijapata mtu wa kuniuliza kitabu kile kinasema nini. Wanaouliza huuliza jambo moja: "Inatoka kwenye mtihani?" Nikijibu haitoki, mtu ananitazama kwa huruma kama mgonjwa aliyekataa dawa, kisha ananiomba nimfundishie mwanawe ile inayotoka.

Na sisi Wahaya ndio tunaoitwa nshomile! Watanzania wenzetu walitupachika jina hilo, maana yake "nimesoma", na hatujalikataa hata siku moja. Kila ukoo una profesa wake wa kujivunia kwenye misiba. Ila usomi unaokubalika una masharti: uwe daktari, uwe mwanasheria, uwe padri, au ukishindwa kabisa uwe mhasibu. Mwanamke aliyevuka arobaini, hana mume, anashinda Jumamosi nzima akichora mishale kwenye karatasi, huyo si msomi. Huyo anaombewa.

Mishale yenyewe ndiyo nadharia. Inasema, kwa kifupi, acha kuchungulia kitu ndani, tazama kinahusiana vipi na vingine. Chora mshale kutoka kitu hiki hadi kile. Ukiijua mishale yake yote, umekijua. Vyuoni wanalifundisha hilo kwa sauti nzito kana kwamba wameteremshiwa jana. Bibi yeyote wa Kagondo akikutana nawe njiani haulizi wewe ni nani. Anauliza u wa ukoo gani, mama yako katoka wapi, shangazi yako kaolewa kwa nani. Akimaliza anakujua kuliko unavyojijua, na hajapewa digrii.

Ndani ya nadharia hiyo kuna michoro ninayoipenda sana: upite njia hii au ile, unafika palepale ukiwa na kitu kilekile. Katika familia yetu mchoro wa namna hiyo haujawahi kuonekana. Habari ikitoka kwa mama yangu huko Muleba ikapitia kwa kaka, na hiyohiyo ikapitia kwa wifi, zinanifikia Kashai habari mbili tofauti, na moja huwa ni ugomvi.

Vitabu vyangu ni vinne: topolojia, aljebra, mantiki ya hisabati na hicho cha kategoria. Nilivinunua mitumba nikiwa chuoni, kimoja kimoja, wenzangu wakinunua viatu. Paa la chumba changu lilipoanza kuvuja juu ya kitanda, nilivipeleka nyumbani kwa mama. Niliwaambia nyumbani wavitunze, na kwa kweli walivitunza kwa kuvipa kazi. Cha topolojia kaka alikitia chini ya mguu wa meza. Topolojia inafundisha kwamba kikombe chenye mkono na kata ya kubebea ndoo kichwani ni kitu kimoja, kwa sababu kila kimoja kina tundu moja. Kwa hesabu hiyo meza iliyonyooka na iliyoinama nazo ni kitu kimoja, kwa hiyo sikuona kwa nini kaka akisumbue kitabu. Cha mantiki wifi alifunikia mtungi. Cha aljebra, kwa kuwa ni kinene na kina jalada jeusi, mama alikiweka kando ya kitanda na kulaza rozari juu yake. Hicho ndicho kilichopata bahati.

Cha kategoria kilibaki rafuni, na ndicho kilichokuwa roho yangu. Kila likizo nilikaa nacho barazani kwa mama, na pembezoni mwa kurasa zake nilikuwa nimeandika kwa penseli swali moja nililolitunga mwenyewe na majaribio yangu yote ya kulijibu. Nilikuwa nimelijibu pia. Jibu lilikuwa refu, lilianzia pembezoni mwa sura moja likatambaa hadi mwisho wa kitabu, na sikuwa nimelinakili popote. Nani angeliiba, Muleba?

Basi, mwaka huo, muhula ukiwa haujaisha, chuo kimoja cha Dar es Salaam kikaniita kwenye usaili wa shahada ya uzamivu. Usaili ungefanyika kwa simu ya picha. Walitaka nieleze tatizo moja nililolifanyia kazi mwenyewe. Nilisoma ujumbe ule nimesimama, nikaketi, nikausoma tena. Nilikuwa nimeomba kimya kimya miaka mitatu mfululizo, na nilikwisha kujiapiza kwamba wakinikataa safari hii siombi tena. Nikampigia mama. Kabla sijamaliza kunywa chai, kaka alishanipigia.

"Uzamivu wa nini tena, umri huu? Wenzako wanasomesha watoto."

"Wa mishale," nikasema, nikakata simu.

Jumamosi nikapanda gari kwenda Muleba kuchukua kitabu. Ulikuwa msimu wa senene, wale panzi wa kukaanga, mvua za Novemba zimechanganya, na Kemondo gari liliposimama wauzaji wakajaa dirishani. Nikanunua kifurushi. Tangu mifuko ya plastiki ipigwe marufuku senene wanafungwa kwenye karatasi iliyoviringishwa ikachongoka chini, na mimi, kwa tabia ya ualimu, kila karatasi lazima niisome. Mara nyingi huwa ni daftari la mtoto, nami husahihisha huku nikitafuna. Safari hii nilikutana na mraba wa mishale. Pembeni yake, kwa penseli, mwandiko wangu mimi: "Hapana. Rudia."

Jamani! Nilimwaga senene mapajani. Abiria jirani akadhani nimekuta mdudu, akanikumbusha kwa upole kwamba wote ni wadudu. Nikamuuliza muuzaji karatasi hizo zimetoka wapi.

"Muleba. Kuna mama anatuletea zimeshafungwa. Ana karatasi nzuri huyo, haivuji mafuta."

Karatasi nzuri. Wahariri wa kitabu kile wangefurahi kusikia hatimaye kimepata wasomaji wanaokipenda.

Nilifika nyumbani sijui nilivyofika. Mama na wifi walikuwa wamekaa uani wananyonyoa senene, mbawa na miguu vimetapakaa kila mahali. Mama akainuka, akanisalimu, akanipa kahawa ya kutafuna kama mgeni yeyote, nami nikaitafuna kwa hasira hadi meno yakauma. Kando ya wifi lilikuwepo jalada la kitabu changu. Ndani yake zilibaki kurasa za dibaji.

"Wifi, umefanya nini?"

Wifi yangu si mtu mbaya, na hilo ndilo lililoniuma zaidi. Ningepata mtu mbaya ningejua pa kuanzia. Alifuta mikono akanieleza taratibu. Karatasi zilikwisha, senene wamejaa, wateja wanasubiri. Akaingia ndani kuangalia vitabu vyangu kimoja baada ya kingine, ili asije akaharibu cha kazi.

"Nikakagua vyote, wifi. Wewe mwalimu wa hesabu. Kile kinene kina namba. Cha kwenye mtungi nacho kina namba kidogo. Hata cha mezani nilikiinua nikakuta namba. Hiki nimekifungua mwanzo mpaka mwisho, ukitoa za kurasa, hakina namba hata moja! Herufi na mishale tu. Nikasema hiki si cha hesabu, hiki atakuwa alipewa bure."

Hebu niambie, ungemjibu nini? Alikuwa amekagua. Katika nyumba ile ni yeye peke yake aliyewahi kufungua vitabu vyangu vyote vinne, na alivifungua ili achague cha kuchana.

"Na maandishi ya penseli hukuyaona?"

"Niliyaona, bambi, pole. Kila mahali umeandika 'hapana'. Nikajua hukukipenda."

Nilikaa chini kwenye mbawa za senene nikalia. Nililia hasa, kwa sauti, mwanamke mzima. Kaka akatoka ndani kuona nani kafa. Alipoelezwa akatikisa kichwa, akasema maji yakimwagika hayazoleki, na kwamba pengine ni Mungu mwenyewe amesema basi. Kaka yangu na Mungu huwa wanakubaliana mara kwa mara. Nikafuta uso, nikatoa simu, nikasema naam, amesema kweli, nawaandikia chuo sasa hivi kwamba siji. Na nilikuwa nimeanza kuandika.

"Unaandika nini?" mama akauliza.

"Naacha, Maawe. Basi. Hizi hesabu hazikuwa zangu."

"Nani kakukataza?"

"Hakuna aliyenikataza. Kitabu hakipo."

Mama akalitazama sinia la vifurushi. Hapa lazima nieleze jambo kuhusu mama. Katika kijiji chetu hakuna anayekaanga senene kumshinda. Watu wanatoka mbali kwa ajili ya chumvi yake na moto wake. Na mpaka siku ile alikuwa hajawahi kuonja. Zamani mwanamke wa Kihaya hakuruhusiwa kuwala. Aliwakamata, akawanyonyoa, akawakaanga, akawaweka mbele ya mumewe, akakaa pembeni kuwatazama wakiliwa. Akila, walimwambia, atazaa mtoto mwenye kichwa cha senene. Siku hizi wasichana wanakula wakitembea barabarani, wifi anakula kuliko wateja, mimi nakula nikisahihisha. Mama hakuonja. Niliwahi kumweleza kwa kutumia kitabu changu cha mantiki: ikiwa mwenye kuzaa ndiye anayekatazwa, na wewe umekwisha kuzaa, basi huna katazo lolote. Akanijibu kwamba mantiki haijawahi kuishi na baba yangu.

Sasa akanyoosha mkono kwenye sinia, akachukua kifurushi kimoja kilichofungwa tayari. Akakifungua, akatia vidole, akatoa senene mmoja. Kaka akasema, "Maawe!" kwa sauti ya mtu aliyeona nyoka.

Mama akamtia mdomoni. Akatafuna polepole, macho ameyakaza ukutani. Akameza. Akachukua wa pili, na wa tatu. Wifi alikuwa ameshika senene nusu amenyonyolewa, mikono imeganda.

"Kumbe ni hivi tu," mama akasema.

Akarudia, na safari hii sauti ilikatika katikati. "Kumbe ni hivi tu! Baba yenu amekula hizi mbele yangu mpaka anakufa, nami namtazama mdomo. Hakuna aliyekuwa ananishika mkono. Nilikuwa naogopa kichwa cha mtoto, na watoto wenyewe mlikwisha kukua." Machozi yakamtoka na bado anatafuna. Akakunjua ile karatasi yenye mafuta, akanitupia mapajani. "Aliyeandika hayo si wewe? Au kuna mwingine? Mwana wange, kama uliyaandika yakatoka kichwani, kichwa kiko wapi sasa, kimefungiwa senene?"

Kaka akageuka akaingia ndani. Mimi nikafuta ule ujumbe ambao haujatumwa.

Nilirudi Kashai siku ileile na kurasa chache za mafuta na kitabu cha aljebra, ambacho mama alinipa baada ya kuondoa rozari. Nikaanza upya. Wiki nzima nilitoka shule nikakaa kitandani na ndoo ya matone ya paa pembeni. Mwanzoni nilijaribu kukumbuka kile nilichoandika, nikashindwa kabisa, nikatukana. Baadaye nikaacha kukumbuka, nikaanza kufikiri. Nilipofika mwisho nilitazama nilichokiandika nikadhani nimekosea, kwa sababu jibu lililokuwa limejaza pembezoni za kitabu sasa lilikuwa limetosha karatasi moja, mbele na nyuma. Zile "hapana" zote zilikuwa za njia ambayo sikuhitaji kuipita. Nililikagua hadi nikachoka, na halikuwa na kosa.

Siku ya usaili niliegemeza simu kwenye kitabu cha aljebra. Walikuwa watatu, wawili wanaume na mama mmoja mwenye miwani. Nikaeleza. Nilipomaliza pakawa kimya, nikajua mtandao umekatika, maana Kashai mtandao una roho ya kuchagua wakati.

"Ni hayo tu?" yule mama akauliza.

Zamani swali hilo lingeniua. "Ni hayo tu," nikasema.

Akacheka kidogo, akaandika kitu. "Mbona maswali ya aina hii wengi huyajaribu kwa njia ndefu?"

Nikamwambia hata mimi, ila njia yangu ndefu ililiwa na senene. Alidhani ni utani, na sikumsahihisha.

Walinikubali. Niliposafiri kwenda Dar, basi lilipita Muleba asubuhi, na mama alikuwa amesimama stendi na wifi. Wifi alinipa daftari kubwa jipya, lenye jalada gumu, na akaniapia mbele ya abiria kwamba hata akiishiwa karatasi kabisa, za daftari hilo hatazigusa. Kaka hakuja, alituma salamu na ushauri.

Mama akapenyeza kikopo dirishani. Kilikuwa cha moto, nikasikia harufu ya kitunguu na chumvi yake. Nikakitikisa: chepesi mno, chini kabisa kuna kitu kidogo tu kinachochezacheza. Nikamtazama.

"Nimekubakizia chache," akasema, wala hakuona haya. "Nyingine nimekula."